Nyuma ya Steringi: Mtoto wa Dar es Salaam katika Filamu za Berlin

Aliyewahi kulipa kiingilio cha kibanda umiza, kiwe cha Tandika au Mbagala, Manzese au Mwananyamala, anaijua sheria moja ya filamu: steringi hafi. Risasi zitamkosa, mto utamtapika ukingoni, na mwisho wa mkanda atasimama peke yake juu ya maadui zake huku benchi zima likipiga kelele. Wanaokufa ni wengine. Anakufa yule aliyembebea mzigo, au yule aliyemwonyesha njia porini. Tukitoka nje kupunga upepo tunabishana juu ya steringi tu, na yule wa nyuma hakuna hata anayemuuliza jina.

Nataka kusimulia habari za mmoja wa hao wa nyuma. Alionekana katika filamu zisizopungua 23 za Kijerumani, akiwa mtumishi, mhudumu, mpagazi au askari, kwa kawaida ubavuni mwa fremu, mara nyingi bila neno la kusema. Kwenye orodha za waigizaji aliitwa Mohamed Husen. Jina alilopewa na wazazi wake hapa Dar es Salaam ni Mahjub bin Adam Mohamed.

Alizaliwa tarehe 22 Februari 1904. Dar es Salaam ya wakati ule ilikuwa makao makuu ya koloni la Wajerumani, mji mdogo uliolala kuizunguka bandari. Huko tunakoita leo Kinondoni na Temeke kulikuwa na minazi, mihogo na vijiji. Baba yake, Adam Mohamed, alikuwa mmoja wa askari wa Kisudani, watu ambao historia yao hapa pwani haijasimuliwa vya kutosha. Wajerumani walipoelemewa na vita ya Abushiri mwaka 1889, Hermann von Wissmann alikwenda Misri akaajiri askari wa Kisudani wapatao 600, akawaleta kwa meli kuja kupigana na watu ambao hawakuwa na ugomvi nao. Wengi hawakurudi kwao. Walioa hapa, wakazaa hapa, wakazikwa hapa. Adam Mohamed alipanda mpaka cheo cha efendi, cheo cha juu kabisa ambacho Mwafrika aliweza kukifikia katika jeshi lile.

Kwa hiyo Mahjub alikuwa mtoto wa kambini. Alijifunza Kijerumani mapema, akafanya kazi ya ukarani huko Lindi angali mtoto. Agosti 1914, vita ya Ulaya ilipovuka bahari mpaka kwetu, baba na mwana waliingia vitani pamoja, mtoto akiwa na miaka 10. Alipewa kazi ya mwanafunzi wa ishara, yaani kujifunza kupeleka habari kati ya vikosi. Nimesoma mara nyingi sifa za Lettow-Vorbeck, kamanda wa Wajerumani, na jinsi alivyowazungusha Waingereza miaka minne. Sifa hizo huwa hazina watoto ndani yake. Lakini walikuwepo, na wapagazi walikuwepo maelfu kwa maelfu, na njaa iliyofuata nyuma ya majeshi hayo iliwala watu wa vijijini kuliko risasi.

Oktoba 1917, katika mapigano ya Mahiwa, upande wa Lindi, Waingereza walipoteza watu zaidi ya 2,000 kwa siku nne, wakiwahesabu waliokufa, waliojeruhiwa na waliopotea. Ni miongoni mwa mapigano makali kuliko yote yaliyopiganwa kwenye ardhi ya Tanzania. Mahjub alijeruhiwa hapo, akachukuliwa mateka na Waingereza. Alikuwa na miaka 13.

Hapa inafaa kumtazama kijana mwingine, kwa sababu wenyeji wa Dar es Salaam wanamfahamu vizuri zaidi. Kleist Sykes alizaliwa Pangani mwaka 1894. Yeye pia alikuwa mtoto wa askari wa kukodiwa, ila baba yake alitoka Msumbiji, katika wale walioitwa Wazulu. Yeye pia alipigana chini ya Lettow-Vorbeck. Bendera ilipobadilika, Kleist alibaki mjini, akaajiriwa katika reli, akawa mfanyabiashara, na mwaka 1929 alikuwa katibu mwanzilishi wa African Association, chama kilichokuja kuitwa TAA na kisha kuzaa TANU mwaka 1954. Wanawe Abdulwahid, Ally na Abbas wanatajwa kila historia ya uhuru inapozungumzwa. Mwaka huohuo wa 1929, Mahjub bin Adam alishuka Berlin.

Nimeziweka njia hizi mbili pamoja si kwa ajili ya kumsifu mmoja na kumlaumu mwingine. Wote walitoka katika malezi ya kambi, na wote walipoteza dola waliyoitumikia. Mmoja alipata pa kushika mjini kwake. Mwingine alipata kazi melini, akiwahudumia abiria wa Kijerumani, na bahari ikamchukua.

Berlin alikwenda kudai mshahara. Jambo hilo halina mafumbo, na ndilo linalonigusa kuliko mengine yote katika maisha yake. Askari wengi Waafrika wa jeshi la Wajerumani walimaliza vita bila kulipwa stahiki zao. Ujerumani ilikuja kulipa baadhi ya madai hayo miaka ya 1920, lakini kwa muda maalumu. Mahjub alifika Wizara ya Mambo ya Nje akiwa na dai lake na dai la baba yake. Akajibiwa kwamba amechelewa, muda wa madai umepita.

Miaka 35 baadaye, mwaka 1964, serikali ya Ujerumani Magharibi iliamua kuwalipa askari wazee waliokuwa bado hai. Inasimuliwa kwamba walipokusanyika Mwanza wengi hawakuwa na karatasi yoyote, mwingine ana kipande cha sare tu. Mjerumani aliyetumwa kuleta fedha akampa kila mzee fagio badala ya bunduki, akatoa amri za gwaride kwa Kijerumani, na hakuna hata mzee mmoja aliyekosea. Ningependa kuamini kwamba Mahjub naye angelishika fagio lile barabara. Lakini kufikia 1964 alikuwa marehemu wa miaka 20.

Baada ya kunyimwa mshahara ule, hakurudi nyumbani. Alipata kazi ya mhudumu katika Haus Vaterland, jumba kubwa la starehe pale Potsdamer Platz. Liliendeshwa na kampuni ya Kempinski, jina ambalo wakazi wa Dar waliwahi kulisoma miaka kadhaa kwenye hoteli ya Kilimanjaro pale ufukweni. Ndani ya Haus Vaterland kulikuwa na kumbi za chakula zilizopambwa kwa sura za nchi mbalimbali: mkahawa wa Kituruki, baa ya Marekani ya Magharibi na nyinginezo. Mteja wa Berlin aliweza kuzunguka dunia kwa usiku mmoja bila kuvuka barabara, na wahudumu walikuwa sehemu ya mapambo hayo. Nadhani Mahjub alianza kuigiza pale, kabla ya kamera yoyote kumwona. Kila jioni alivaa vazi la mahali fulani pa mbali na kumwonyesha Mjerumani kile Mjerumani alichokuja kukitazama.

Januari 1933 alimwoa Maria Schwandner, mwanamke wa jamii ya Wajerumani wa Bohemia. Ndoa ilifungwa tarehe 27. Siku tatu baadaye, tarehe 30, Hitler akawa kansela.

Kazi yake ya pili ilikuwa lugha yetu. Chuo cha Lugha za Mashariki mjini Berlin kilikuwa kinafundisha Kiswahili tangu enzi za koloni, na kila mara kilihitaji mzungumzaji wa kuzaliwa nayo. Kabla yake alipita pale Mtoro bin Mwinyi Bakari wa Bagamoyo, ambaye maandishi yake juu ya desturi za Waswahili bado tunayasoma. Mtoro alioa Mjerumani mwaka 1904. Mwaka uliofuata walipofika Dar es Salaam kwa meli, serikali ya koloni ilimkataza mkewe asishuke, wakalazimika kurudi Ulaya, na huko ndiko Mtoro alikofia mwaka 1927. Miaka michache tu baadaye Mahjub aliingia chuo kilekile, akawa msaidizi wa lugha chini ya Diedrich Westermann, profesa aliyejulikana sana katika isimu ya lugha za Afrika. Kazi ilikuwa ya msaidizi na malipo yalikuwa ya msaidizi. Wanafunzi wake walikuwa maofisa na polisi waliokuwa wakiandaliwa kwenda Afrika Mashariki siku Ujerumani itakaporudishiwa makoloni. Matamshi sahihi ya neno la Kiswahili yalitoka kinywani mwa mtoto wa Dar, akaandika mtu aliyetarajia kuja kuitawala Dar.

Sasa tuingie kwenye filamu zenyewe.

Mwaka 1934 mwongozaji Herbert Selpin alitengeneza filamu iliyoitwa Die Reiter von Deutsch-Ostafrika, yaani Wapandafarasi wa Afrika Mashariki ya Kijerumani. Ni habari ya mkulima wa Kijerumani na rafiki yake Mwingereza ambao vita ya 1914 inawageuza maadui. Mwigizaji mweusi mwenye jina kubwa ndani yake ni Louis Brody, Mkameruni kutoka Duala aliyekwisha kuwa mkongwe wa filamu za Berlin. Mahjub alipewa nafasi ya mwanafunzi wa ishara. Nafasi hiyo ndiyo aliyoiishi kweli. Umri wake sasa ni miaka 30, anavaa tena sare aliyovaa akiwa mtoto, anasimama mbele ya taa za studio na kurudia vita iliyomjeruhi pale Mahiwa. Tofauti ni kwamba safari hii analipwa kabla ya muda wa madai kupita.

Filamu yenyewe ilikuwa na bahati mbaya ya pande mbili. Vita mpya ilipoanza mwaka 1939, Wanazi waliipiga marufuku kwa kuwa ilimwonyesha Mwingereza kama mtu. Vita hiyo ilipokwisha mwaka 1945, washindi nao wakaipiga marufuku kwa kuwa ilitukuza jeshi.

Baada ya hapo kazi zilimjia moja baada ya nyingine, na zote zilifanana. Yumo katika Zu neuen Ufern ya 1937, filamu iliyompandisha Zarah Leander wa Sweden kuwa nyota mkubwa wa Ujerumani. Mwongozaji wake, Detlef Sierck, alikimbia nchi mwaka huohuo, na Hollywood ikaja kumjua kwa jina la Douglas Sirk. Wengi wa aina yake waliweza kukimbia, walikuwa na pa kukimbilia. Nafasi za Mahjub zilikuwa za dakika chache au sekunde chache. Mtu wa Kinondoni aliyewahi kusubiri siku nzima lokesheni ili apite mara moja nyuma ya nyota anaijua kazi hiyo, ingawa hapa kwetu tunaiita kuuza sura. Unaitwa alfajiri, unavalishwa, unaambiwa simama pale usitazame kamera. Mahjub alifanya hivyo kwa miaka saba katika mji ambao kila mwezi ulikuwa unampunguzia nafasi ya kuishi kwingineko.

Kwa maana upunguzaji ulikuwa unaendelea. Mwaka 1934 Ujerumani ilianzisha nishani ya heshima kwa waliopigana vita ya kwanza. Mahjub akaomba ya kwake kama askari yeyote mwenye kovu. Akakataliwa. Mwaka 1935 alipoteza kazi Haus Vaterland baada ya wafanyakazi wenzake kumsingizia. Septemba mwaka huo zikaja sheria za Nuremberg, zilizokataza ndoa na mapenzi kati ya Wajerumani na Wayahudi, na katika utekelezaji wake watu weusi nao wakajumuishwa. Ndoa yake na Maria ilikuwa imefungwa kabla, lakini kuanzia hapo kila mtoto wake alikuwa kosa linalotembea mbele ya macho ya dola.

Kulikuwa pia na Deutsche Afrika-Schau, onyesho la kuzunguka miji lililowakusanya Waafrika waishio Ujerumani wacheze ngoma na kuonyesha “maisha ya Afrika” kwa kiingilio. Kwa Waafrika wengi ilikuwa riziki pekee iliyobaki. Kwa serikali ilikuwa njia ya kuwaweka mahali pamoja na kuwatumia katika kampeni ya kudai makoloni. Mahjub alishiriki, kama alivyoshiriki katika mikutano ya vyama vya makoloni akiwa amevaa sare ya askari na kushika bendera. Ipo picha yake ya namna hiyo, amesimama kakamavu. Mwaka 1940 onyesho nalo likafungwa.

Msomaji ataniuliza: kwa nini alikubali? Kwa nini mtu wa Dar es Salaam, Mwislamu, mtoto wa efendi, abebe bendera ya watu wa namna ile? Nimelifikiria swali hili kwa muda mrefu na sioni haja ya kumtetea zaidi ya kweli. Alijivunia uaskari wake. Vita ilipoanza Septemba 1939 aliomba mwenyewe kujiunga na jeshi la Ujerumani, akakataliwa. Hiyo si alama ya mtu aliyelazimishwa kila kitu. Nadhani aliamini kwamba ahadi iliyofanywa kati ya jeshi na mtoto wa miaka 10 ilikuwa ahadi, na kwamba mtu aliyemwaga damu yake Mahiwa ana haki ya kusimama mbele ya karani wa Berlin na kuitwa askari. Kosa halikuwa kwake kuamini. Ujerumani ilimtaka askari mwaminifu kwenye sinema, kwenye gwaride na kwenye bango. Alipoingia ofisini akiwa mtu mwenye mke, watoto na madai, haikumtaka.

Filamu kubwa kuliko zote kwake ilikuja wakati huohuo. Mwaka 1940 Herbert Selpin, mwongozaji wa ile ya kwanza, alianza kupiga Carl Peters. Ilitoka Machi 1941, na steringi alikuwa Hans Albers, mwigizaji aliyependwa kuliko karibu wote nchini mwake, mwenye macho ya samawati na kishindo cha shujaa. Mahjub alipewa nafasi yenye jina: Ramasan, kiongozi wa njia wa Peters. Ndiyo nafasi yake kubwa katika kazi yake yote ya uigizaji.

Sisi tunajua Carl Peters alikuwa nani. Mwisho wa 1884 alipita Usagara, Uzigua, Ungulu na Ukami na karatasi za mikataba, akawafanya machifu waweke alama zao kwenye maneno wasiyoweza kuyasoma, na kwa karatasi hizo Berlin ikatangaza himaya Februari 1885. Watu walimwita Mkono wa Damu. Huko Kilimanjaro alimnyonga mtumishi wake Mabruk mwaka 1891, kisha mwanzoni mwa 1892 akamnyonga Jagodia, msichana wa Kichaga aliyekuwa amemweka nyumbani kwake. Ukatili huo ulikuwa mzito hata kwa serikali ya Kaizari, ikamfukuza kazi mwaka 1897. Hitler ndiye aliyemsafisha jina, mwaka 1937, Peters akiwa amekwisha kufa.

Filamu ilitengenezwa kuikamilisha kazi hiyo ya kusafisha. Ndani yake Peters ni mzalendo anayesalitiwa na Waingereza na wanasiasa wa Berlin. Wajerumani hawakuweza kufika Afrika Mashariki kupiga picha, kwa kuwa vita ilikuwa imefunga njia, basi Afrika ikajengwa Ulaya. Ili pori lao lijae watu weusi walichukua mateka wa vita, askari wa Kiafrika wa jeshi la Ufaransa waliokamatwa mwaka 1940. Tafakari lokesheni hiyo. Watu waliotekwa wanatolewa kambini, wanavalishwa kaniki, wanaambiwa washangilie kuja kwa mtawala, jioni wanarudishwa nyuma ya waya. Katikati yao anasimama mtu aliyezaliwa kweli katika nchi inayoigizwa, anayeijua lugha yake na anayejua vumbi lake lina rangi gani, na kazi aliyopewa ni kumwonyesha Carl Peters njia.

Siku hizo Mahjub alikuwa na uhusiano na mwanamke wa Kijerumani nje ya ndoa yake. Mtu akapeleka habari. Agosti 1941, miezi mitano tu baada ya filamu kutoka, polisi wa siri wa Gestapo walimkamata kwa kosa walilolibatiza “kuichafua mbari”. Hakufikishwa mahakamani. Septemba akapelekwa kambi ya mateso ya Sachsenhausen, Oranienburg, kaskazini kidogo ya Berlin.

Alikaa humo miaka mitatu na ushei. Tarehe 24 Novemba 1944 akafa, akiwa na umri wa miaka 40. Kambi ilikombolewa Aprili 1945. Selpin naye hakuimaliza vita: alikamatwa mwaka 1942 kwa kulitukana jeshi, na tarehe 1 Agosti akakutwa amening'inia ndani ya chumba cha mahabusu. Hans Albers aliendelea kuigiza, akafa mwaka 1960.

Kwa zaidi ya miaka 60 Mahjub alibaki alivyokuwa katika filamu, mtu wa pembeni ya picha. Aliyemtoa pembeni ni Marianne Bechhaus-Gerst, mtaalamu wa mambo ya Afrika wa Köln, aliyekusanya nyaraka zake, barua zake za madai na majibu ya makarani, akatoa kitabu kizima cha maisha yake mwaka 2007. Mwaka huohuo jiwe la kumbukumbu lilitiwa kwenye njia ya waenda kwa miguu mbele ya nyumba namba 193, mtaa wa Brunnenstraße, mahali alipokaa. Ni kibamba kidogo cha shaba nyeupe, ukubwa wa kiganja, chenye jina na tarehe, cha aina ile inayowekwa kwa waliouawa na Wanazi. Mwaka 2013 Eva Knopf alitengeneza filamu ya kumbukumbu, Majubs Reise, Safari ya Majub. Alipekua mikanda ya zamani akimtafuta mtu mmoja tu, akaisimamisha picha pale ambapo mtazamaji wa 1937 hakusimamisha jicho lake. Kwa mara ya kwanza kamera ikamfuata yeye, na mastaa wakabaki nyuma.

Nilipojua habari hii nilikwenda kusimama mbele ya sanamu ya Askari pale mjini, kwenye makutano ya Samora na Azikiwe. Nimepita hapo mara zisizohesabika nikitoka Temeke. Kabla ya vita ya kwanza Wajerumani walikuwa na sanamu yao mjini humu: Wissmann juu kabisa, na chini ya miguu yake askari Mwafrika aliyeinua uso kumtazama. Waingereza waliing'oa. Ilipelekwa Hamburg, ikasimamishwa tena mwaka 1922 mbele ya chuo kikuu, mpaka wanafunzi walipoiangusha moja kwa moja mwaka 1968. Mwaka 1927 Waingereza waliweka hii ya kwao, askari mmoja peke yake, bunduki mbele, hamtazami mtu. Ile ya Hamburg ndiyo filamu ya Carl Peters ikiwa shaba. Hii ya kwetu angalau haina steringi juu yake, lakini nayo ni ukumbusho wa upande ulioshinda. Askari wa upande wa Mahjub, na wapagazi wa pande zote mbili waliokufa kwa kuhara na njaa, hawana uso ndani yake.

Berlin imeanza kubadilisha mabango yake. Mwaka 2021 mtaa uliokuwa na jina la Wissmann, huko Neukölln, ulipewa jina la Lucy Lameck, mwanamke wa Moshi aliyekuwamo katika serikali za mwanzo za nchi yetu. Agosti 2024 barabara ya Petersallee ilifutwa jina hilo, na sehemu yake moja sasa inaitwa Maji-Maji-Allee. Sisi nasi mwaka 2022, katika operesheni ya anwani za makazi, tulipachika nguzo na mabango kila kona, na vichochoro ambavyo havikuwahi kuitwa chochote vikapata majina, mengine yakibuniwa kwa haraka kikaoni. Mimi bado sijaona bango lenye jina la Mahjub bin Adam. Madiwani wa Temeke na Kinondoni wana mitaa ya kutosha. Mmoja unatosha.

Na ninyi wenye vibanda na kumbi za kuonyeshea filamu, na ninyi vijana wa Bongo Movie mnaolalamika kwamba hadithi zimekwisha: hii hapa, imezaliwa mjini kwenu, ina bahari, vita, mapenzi, studio na gereza. Andikeni nafasi ya Mahjub akiwa mbele ya kamera, kwa Kiswahili chake.

Ombi langu la mwisho ni kwa familia. Wapo Dar es Salaam wajukuu na vitukuu wa wale askari wa Kisudani na wa Kizulu. Kama ndani ya sanduku la bibi kuna picha ya mzee mwenye tarbushi, barua ya Kijerumani isiyosomeka, au kifungo cha sare, msiitupe wakati wa kuhama nyumba. Iandikeni jina nyuma, na mwaka, na mahali alipozaliwa. Habari za mtoto huyu wa Dar tunazo leo kwa sababu karani mmoja wa Berlin, baada ya kumnyima mshahara wake, aliihifadhi barua aliyouombea.